Kiini Kwenye Dashibodi

Iliwaka Pangani, saa kumi na moja na robo alfajiri,
taa ndogo, rangi ya kiini cha yai la kienyeji,
nami nyuma nina trei arobaini kutoka Ruai,
mayai elfu moja na mia mbili, yametulia
kama darasa wakati mwalimu mkuu anapita.

Nikakanyaga mafuta. Gari likanijibu kwa adabu,
kama karani wa kaunti: subiri.
Mshale ukafika elfu mbili, ukakaa hapo.
Kale kamwinuko ka Forest Road
ninakokapanda kila siku nikipiga mluzi
kakawa Mlima Kenya.
Muuza maziwa akanipita kwa baiskeli.
Akanipungia mkono.

Fundi wa kwanza, Grogan, hata boneti hakufungua.
Alisikiliza, mkono kiunoni: "Plagi."
Nikanunua plagi nne. Taa haikushtuka.
Wa pili akasema throto, ina masizi kama sufuria ya harusi.
Akaiosha kwa petroli, akaipuliza, nusura aiombee.
Siku mbili za amani. Ya tatu, kiini kilekile.
Wa tatu, kijana mwenye miwani ya kuchomelea kichwani,
akanivuta kando:
"Mzee, kinachokusumbua ni gari, ama ni taa?"
Akatoa tepu nyeusi, akakata kipande cha ukubwa wa ukucha.
Mia mbili tu.

Sitaficha. Nililipa.
Wiki nzima niliendesha gari lisilo na tatizo
ambalo halikuweza kupanda mlima.

Nyaboke nilimpata Baba Dogo, nyuma ya kiwanda cha magodoro,
ovaroli kubwa kumliko, mikono imekunjwa mara tatu.
Kitu cha kwanza, alibandua tepu.
Hakuuliza nani aliiweka. Aliiviringa ikawa kidonge, akaitupa.
Akachomeka skana chini ya usukani,
kidude chenye kioo kilichopasuka, akasoma:
"Sensa mbili za throto haziafikiani.
Moja inasema umekanyaga, nyingine inasema hujakanyaga.
Kompyuta haijui iamini ipi,
basi inakupa nguvu za kufika nyumbani tu."

"Kwa hiyo ninunue sensa?"

"Sijasema sensa. Nimesema haziafikiani.
Watu wawili wakikosana kwa simu,
wakati mwingine mbaya ni laini."

Akapitisha vidole kwenye nyaya, waya mmoja mmoja,
kama mtu anayechambua mchele wa wageni,
mpaka kidole kikasimama, nyuma ya betri.
Akaniita. Nikainama.
Shaba tupu. Alama za meno madogo madogo. Na pembeni
kitanda kimetandikwa vizuri,
pumba, unyoya, chakula cha kuku,
na ganda la yai.
Langu.

Panya wengi hawachimbi shimo, tunasema,
na mafundi watatu walikuwa wamenithibitishia hilo.
Lakini sikuwahi kuambiwa habari za panya mmoja,
mwenye subira, asiye na wa kushauriana naye,
anayelala kwenye joto la injini yangu kule Ruai
nami kila jioni nikimpelekea chakula mwenyewe.

Nyaboke akaunga waya kwa risasi, akauvisha mpira,
akafuta msimbo. Taa ikazimika.
Akaniambia nikanyage.
Elfu mbili. Tatu. Nne na ushee.
Mbwa wa kiwandani akaamka akabweka.

"Mia nane," akasema.
Nikampa elfu, na trei moja juu.
Akaanza kuyapima mayai juani, moja baada ya jingine,
bila haraka, kama alivyopima nyaya.
Moja akanirudishia.
"Hili lina ufa," akasema. "Lile njiani hapa hapa.
Usilirudishe garini."