Daftari la Tano

Usiniulize filamu ngapi. Niulize madaftari.
Manne ya jalada la kijani, yananuka petroli,
na la tano lililolowa tulipovuka mto Kawa, Aprili.

Nsimire alirudi Bukavu kutoka Kairo na begi moja la lenzi,
baada ya miaka kumi na mmoja ya kushika hesabu za sinema za wengine:
nani hajala, nani hajalipwa, farasi wa kukodi amelala wapi.
"Kule," alisema, "kila mtaa una mtoto anayejua kushika taa.
Hapa watoto wapo. Taa ndiyo hakuna."

Akapanga chumba Kadutu, juu ya kinu cha muhogo.
Kinu kilisaga mchana kutwa, sisi tukapiga picha usiku,
na unga ukatuingia hadi kwenye lenzi.

Mimi nilikuwa nauza betri za redio.
Aliniona nikitikisa moja sikioni.
"Weye, unasikia nini?"
Nikamjibu: hii imekufa, hii inadanganya.
Kesho yake nilishika maikrofoni iliyofungwa kwenye mti wa fagio.

Akanituma nirekodi mvua.
Nikamletea. "Ya wapi hii?"
Sikujua.
"Rudi."
Nilirudi mara nne. Sasa nifumbe macho, nitakutajia:
ya Nguba hushuka juu ya vigae kama mtu mwenye mshahara,
ya Kadutu hugonga bati kama mdai.

Namwezi, fundi cherehani wa Nyawera, alipewa mkasi wa picha.
Kitambaa kikizidi, alisema, mwili unaongopewa.
Byamungu alitoroka na kamera kwenda Kolwezi.
Nililitafuta neno "mwizi" katika daftari la tatu.
Limeandikwa: *Byamungu, kamera moja. Je, anakula?*

Kisha wageni wakaja na dola,
wakitaka watoto sita wenye macho ya huzuni, siku mbili tu.
"Macho hatukodishi," akasema.
"Mkitaka mshika taa, mnasa sauti, mhariri, bei ni hii."
Wakaondoka.
Mwenye kinu alikuwa anadai kodi ya miezi mitatu.
Sikumsemesha Nsimire wiki nzima. Sijui kama aliona.

Usiku wa kuonyesha, ukumbi wa shule ulijaa hadi madirishani.
Majina yalipoanza kupanda ukutani
mama zetu walisimama, kila mmoja akimpigia wake vigelegele.
Lake aliliweka mwisho kabisa.
Likachungulia chini ya ukuta, herufi mbili,
umeme ukakatika.

Gizani, kutoka mlangoni, sauti yake:
"Viti vya parokia ni mia na nane.
Nimehesabu mia na saba.
Nani amekalia cha padri?"

Ninayo sauti hiyo.
Mashine yangu ilikuwa ya betri.