Dawa ni Kushuka

Walimwita Waziri kwa sababu alikuja kwa gari,
Fuso ya viazi iliyorudi Kwosir bila viazi,
ndani yake fahali mmoja mwekundu, mwenye nundu,
kutoka nyanda za Nakasongola, ambako hewa ni nzito.
Cheptoris alimnunua kwa viazi vya misimu miwili
na mkopo wa kikundi.

Ng'ombe wetu wa huku ni wafupi, wana manyoya hadi masikioni,
hupanda mteremko kama mbuzi.
Waziri alipanda mara moja,
akasimama katikati ya njia,
akatazama nyuma.

Mwezi wa tatu kidari kikajaa.
Majirani wakasema: huyo sasa amenenepa!
Mimi nikabonyeza kwa kidole gumba
na shimo likabaki pale, kama kwenye unga uliokandwa,
likinitazama.

Nikasema mapafu. Nikasema kupe.
Nikasema labda amemeza msumari.
Siku tatu nilimchoma sindano,
siku tatu Cheptoris alifungua fundo la leso,
na siku zote hizo mshipa wa shingo ulikuwa ukipiga,
mnene kama kamba ya kisima,
nami niliuona, nikaandika daftarini: homa.

Alfajiri ya nne ukungu ulikuwa umekaa mlangoni.
Alilala ubavu, ulimi rangi ya wino.

Kiswahili humsifu mtu: ana moyo mkubwa.
Nimeushika moyo mkubwa kwa mikono miwili.
Ulikuwa umelegea, upande wa kulia umetanuka
kama mfuko uliobebeshwa mawe,
na kifua kimejaa maji ya rangi ya chai.
Huku juu hewa ni nyembamba. Mapafu yasiyoizoea
hubana mishipa yake, kama watu wafungao madirisha kwa baridi,
na moyo, usioambiwa kitu, husukuma,
husukuma mlango uliokomewa kwa ndani,
hunenepa kwa kazi
mpaka kazi iushinde.

Basi hapakuwa na sumu. Wala jicho la Kitiyo,
jirani wa ng'ambo ya korongo,
ambaye watu walikwisha kuacha kumsalimia.

Nilirudisha fedha.
Cheptoris alizipokea bila kuzihesabu,
na hilo liliniuma kuliko kama angezihesabu.

Waziri aliacha ndama tumboni mwa ng'ombe mweusi.
Wakamwita Katibu.
Miezi tisa tangu kuzaliwa, asubuhi ya mvua ya mawe,
nikaitwa. Kikohozi. Kuhara. Viwiko vimetanuliwa
kama mtu anayetafuta nafasi ndani ya nguo ya kubana.
Nikabonyeza kidari. Shimo lile lile.

Safari hii sikufungua mkoba.
Mteremsheni, nikasema.
Wahenga wanasema mpanda ngazi hushuka,
lakini huyu hakupanda ngazi yoyote,
alizaliwa kwenye kidato cha juu.

Tuliondoka usiku, matope ya barabara yakiwa yamekaza.
Nikawaambia: hakuna fimbo, hakuna kelele.
Kila alipokohoa tulisimama,
tukazima tochi, tukamsubiri gizani
kama watu wanaosubiri mkubwa amalize kusema.
Penye kona ya mianzi mtu alikuwa ameketi na kamba mpya.
Kitiyo. Hakuna aliyemwita.
Akamvisha ndama kamba, akatangulia,
na Cheptoris, baada ya hatua nyingi,
akamwuliza habari za nyumbani.

Siku ya pili, Ngenge. Joto, miiba, vumbi.
Niliweka sikio ubavuni.
Ulikuwa bado unakimbia, sitadanganya,
ila kati ya pigo na pigo
palikuwa na upenyo mdogo, wa kupitisha ukucha.
Katibu akainamisha kichwa, akang'oa jani moja kavu,
akalitafuna kwa muda mrefu mno.

Ndipo Cheptoris akauliza
swali ambalo mimi, na daftari langu lote, sikuliwaza:
Sasa huku chini atakaa kwa nani?

Kitiyo alikuwa tayari anafunga kamba
kwenye ua wa dada yake.