Karani wa Dirisha Moja

Saa kumi na moja alfajiri nafunga kamba za raba.
Chupa sita za jana zimelala ndani yangu,
haziamki nikiamka.
Zamu ni saa moja. Getini bandarini yupo Ng'washi
na kidude chake cha kupuliziwa,
hanunuliki kwa shikamoo wala kwa "si unanijua".

Malimi aliniapia:
pombe hutoka na jasho, wewe kimbia tu,
ukamue fulana,
getini utapuliza hewa ya mtoto mchanga.

Basi nakimbia.
Mwaloni wanashusha dagaa kwa tochi,
harufu inanikaba, nameza mate, naendelea.
Jiwe la Bismarck limekaa juu ya mwenzake,
lenyewe halikimbilii popote
na bado halijaanguka.

Mlima wa Capri Point. Moyo unagonga
kama mwenye nyumba tarehe mosi.
Jasho linashuka mpaka kwenye soksi.
Nalilamba: chumvi.
Chumvi tu.
Bia yangu iko wapi?

Dada yangu Mbuke, wa maabara kule Bugando,
aliwahi kuniambia huku akimenya viazi:
"Ini ni karani wa dirisha moja.
Muhuri anao mmoja, na foleni ni foleni.
Chupa humchukua saa mbili, pengine zaidi,
ulale, ucheze, upande mlima.
Kinachotoka kwa jasho na pumzi ni chenji ya jojo.
Ukikimbia, yeye haoni miguu,
anaona kiu uliyomwongezea."
Nilicheka. Nikasema kila karani ana bei yake.

Kileleni napiga pushapu kumi na saba,
ya kumi na nane naegemeza shavu kwenye mwamba.
Ziwa limeanza kupata rangi.
Nahesabu kwa vidole kama mtoto wa darasa la pili:
sita mara mbili, kumi na mbili.
Ya kwanza niliifungua saa mbili usiku.
Karani atafunga dirisha saa mbili asubuhi,
asipochelewa.

Na chini ya kreni yangu husimama Bwire,
anafunga minyororo, anainua kidole gumba,
hatazami juu.
Miaka minne hajawahi kutazama juu.

Natoa simu. Naandika "malaria", nafuta.
Naandika "msiba", nafuta, mama yangu asije akasikia.
"Bosi, nitafika saa nne.
Kuna mtu dirishani, bado ananishughulikia."

Kisha nateremka,
kwa kutembea.