Sehemu ya Pili

Katika ya kwanza nilikufa dakika ya tisa,
nikiumwa shingoni na Nzanzu, mdomo unanuka sambaza.
Sasa Bulambo ananifufua:
"Mfu hafi mara mbili,
kwa hiyo malipo ni nusu."

Kyakimwa anatupaka unga wa muhogo.
Damu ni nyanya ya kopo; nzi wameiamini.
Tunaburura miguu Birere, peku, juu ya mawe ya volkano.
Kuchechemea huku si uigizaji.

Tulitakiwa kutisha soko. Mama mmoja
akaukamata mkono wa Nzanzu uliooza:
"Ee! Ulikufa na deni langu la makaa!"
Maiti akachomoka mbio,
akadandia chukudu mteremkoni, haina breki,
Bulambo nyuma: "Usizime kamera! Usizime!"

Usiku nikarudi na unga masikioni.
Bibi akacheka mpaka akakohoa.
Sehemu ya pili? Nyumba hii, akasema,
imekaa juu ya paa la ile ya kwanza.
Lava ilimeza kabati, na kitanda cha harusi yangu.
Tulingoja ipoe, tukajenga.

Akanipakulia ugali.
Anaomba nafasi sehemu ya tatu:
anataka kuuma watu,
ila meno hana.