Herufi Zisizosemwa

Siku yangu ya kwanza kwenye gari jekundu la posta
niliuliza njia ya kwenda Ha-pi-si-ba-ga.
Mwanamke mwenye mbwa alinikodolea macho
kama mtu aliyeulizwa bei ya mwezi.

Hedley Gotts, mpanga barua wa Stalham,
alicheka hadi chai ikamwagika.
"Heizbra," akasema. "Tamka kama mtu mwenye baridi.
Na lete dwaili."
Dwaili? Nikampa kalamu. Nikampa mkasi.
Akapangusa meza kwa kofia yake.
"Ni tambara la kupigia deki, mwanangu.
Kamusi yako hailijui; sakafu inalijua."

Kwetu Panevėžys kila herufi hufanya kazi,
hakuna inayokaa kibarazani ikila mshahara wa bure.
Hapa Wymondham ni Windam,
Costessey ni Kosi,
na Hautbois, Mungu anisamehe, ni Hobis.
Nikauliza, hizo zilizobaki zinangoja nini?
"Zilikuwa na sauti zamani," akasema. "Zimechoka."

Kila asubuhi alinipa neno moja pamoja na funguo.
Dodman: konokono.
Smur: mvua isiyoamua kunyesha.
Mardle, r ikimezwa,
ni kupiga soga umeegemea lango la jirani
huku kazi ikikungoja;
na ni kidimbwi pia, anakonywea ng'ombe.
Sikuona ajabu. Kote kuwili huendwa kwa kiu.

Februari, bahasha kutoka Saskatoon:
Bi Kezia Amis, Nyumba ya Mwisho,
kisha jina la kijiji, herufi zote kumi na moja.
Niliendesha hadi lami ilipokatika
kama sentensi ya mtu aliyeitwa ghafla.
Mbele, ua wa waya ukining'inia hewani,
bomba la maji likichungulia kutoka kwenye udongo,
na chini, bahari ya kahawia ikitafuna.

Nikampigia Hedley simu.
"Ilianguka Novemba. Jiko kwanza.
Kezia yuko kwa mjukuu wake, Norwich.
Sema Norich, ile w usiiguse."
Na dada yake, hajui?
"Anajua. Anaandika vilevile."

Kwa lugha yao barua na herufi zina jina moja, leta.
Darasani niliuona uvivu.
Sasa nilishika leta moja yenye leta nyingi
ya nyumba isiyotamkika tena,
na nikasimama pale kuliko ratiba inavyoruhusu.

Baada ya zamu nikampelekea mwenyewe.
Alikuwa kitini, blanketi magotini,
viatu vya bustani miguuni, ghorofa ya tatu.
"Samahani kwa kuchelewa," nikasema,
"nilipitia kwanza Ha-pi-si-ba-ga."
Ulimi uliteleza; mjukuu akajizuia kucheka.

Kezia aliiweka bahasha mapajani bila kuifungua.
"Rudia," akasema.
"Ukipataja hivyo panarefuka."

Nikarudia. Kwenye zile p
nilipunguza mwendo.