Isale

Safari ya kwanza ulileta isale,
jani bichi umelifunga fundo,
ukapiga goti jikoni, Kibosho, mvua ikinyesha.
Nikapokea. Kwetu isale halikataliwi.

Sikuuliza jina. Jina lilikuja lenyewe
kwenye simu yako, muamala wa Ijumaa:
elfu arobaini, Anasia M.,
wiki ileile Ndetaulwa alirudishwa nyumbani
kwa deni la ada, elfu thelathini na nane.

Leo mahakama ya mwanzo, Moshi mjini, benchi refu.
Hakimu anahesabu: ng'ombe, friji, migomba,
vitanda viwili. Anauliza kitanda kipi cha nani,
sote tunatazama sakafu.

Umekuja tena na isale mfukoni.
Naliona linachungulia, limenyauka
kwa joto la huku chini.

Baba Ndeta, mamako ndiye aliyenionyesha,
siku yangu ya kwanza kihambani, panga mkononi:
isale lina kazi mbili, mkwe wangu.
Ukilishika, linaomba radhi.
Ukilipanda, linaweka mpaka.

Lete. Nalipokea.
Jembe nimeliacha nje, kwa mlinzi.