Kabla ya Spana

Fundi alinitajia bei ndefu kama treni ya magogo.
Nikamwambia, mikono ninayo.
Miaka thelathini na moja niliendesha tramu humu Riga,
kwenye barafu, na walevi wa Jumamosi mgongoni;
nitashindwaje na koki ya bafuni?

Ila maji hayaheshimu pensheni.
Kwanza uyafunge.

Nikashuka ghorofa nne na tochi ya marehemu Aivars
hadi ghala la chini, ambako kila jirani ana kizimba chake:
baiskeli isiyo na tairi, viazi vilivyoota macho, sleji,
mitungi ya matango ya Zigrida.
Ukutani mabomba manane,
wala hakuna lililoandikwa jina.
Nikachagua lenye jasho.
Robo. Nusu. Koki ikalia kama paka,
kutu ikanipaka kiganja rangi ya chai.

Nikapanda, nikafungua kuhakikisha:
maji yakanirukia usoni, mazima, ya moto,
na kutoka chini, kwa Ojars wa ghorofa ya tatu,
sauti: "Nani? Nani kaniacha na povu machoni?"

Nikashuka tena, goti likilalamika.
Yeye kanitangulia,
koti la baridi juu ya taulo, nywele zimesimama kwa sabuni,
mtu ambaye hatujasalimiana tangu ile kesi ya maegesho.
Akanyoosha kidole.
"Koki yako ile pale, nyuma ya sleji.
Aivars aliifunga kitambaa chekundu. Umesahau?"

Sikusahau. Sikuwahi kujua.
Kila vuli alishuka huku, akarudi ananuka baridi na grisi,
nami nikidhani kaenda kuvuta sigara za siri.
Nilimnunia bure, vuli nyingi.

Tukaizungusha wawili, mkono juu ya mkono,
taratibu, maana koki kuukuu ukiilazimisha huvunjika shingo.
Ikakaza. Upande wangu wa jengo ukanyamaza.
Ojars akapiga chafya, akapanda kusuuza kichwa chake.
Kitambaa sikukigusa.

Juu, bomba lilikohoa mara mbili,
likatoa kijito chembamba, kisha matone.
La mwisho likaning'inia mdomoni,
likafikiri,
halikuanguka.

Haya.
Spana niliiweka wapi?